Vifungo Kumi na Kimoja

Kila akitoka shule, kazi ya kwanza ya msichana ilikuwa kuchambua vifungo. Mama yake alikuwa fundi cherehani, na alishonea pale pale sebuleni. Nguo kuukuu zilizoletwa kukatwa vitambaa zilinyofolewa vifungo vyote kwanza, vikatiwa ndani ya kopo la biskuti. Msichana alilimwaga kopo juu ya meza ya kukatia, akatenga vyeusi huku na vyeupe kule, na vilivyovunjika akavitupa. Cherehani ilinguruma, ikanyamaza, ikanguruma tena. Siku zote vyeusi vilikuwa vingi kuliko vyeupe.

Alikuwa darasa la sita, lakini nyumbani hakuna aliyemwita kwa jina lake. Baba yake, fundi rangi, alimpachika jina la Mkaguzi tangu alipokuwa na miaka minne. Siku hiyo alisimama mbele ya ukuta uliopakwa upya, akanyoosha kidole na kusema, "Baba, hapa umeruka." Na kweli, baba alikuwa ameruka. Tangu hapo baba hakumaliza kupaka ukuta wowote wa nyumba waliyoishi bila kumwita aje akague.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya vyumba viwili na sebule. Waliinunua kwa mkopo wa benki miaka mitano iliyopita, wakaachana na habari ya kuhamahama. Kila mwisho wa mwezi baba alipopokea malipo yake, alipitia benki kwanza, ndipo akarudi nyumbani na mkate mkubwa kwapani. "Nimelipa," alisema mlangoni. "Haya, tumshukuru Mungu," alijibu mama. Kisha walikula mkate kwa chai, na habari za mkopo zikaishia hapo mpaka mwezi mwingine.

Alasiri moja mama aliinua mguu kwenye cherehani kabla ya wakati wake.

"Vaa viatu, twende benki. Nataka kujenga kibanda cha kushonea hapo nje. Nimechoka kupima watu viuno mbele ya wageni. Lakini kwanza tujue deni limebaki kiasi gani."

Njiani alikuwa mchangamfu kama mtu anayekwenda harusini. "Tulikopa milioni kumi. Kila mwezi laki moja na elfu kumi. Miaka mitano hiyo. Inakuja ngapi, Mkaguzi?"

Msichana alifumba macho, akapiga hesabu. "Milioni sita na laki sita, mama."

"Umeona? Imebaki milioni tatu na kitu. Tumeanza kuona mwanga."

Benki ilikuwa imejaa. Walipofika dirishani, karani alibonyeza vitufe vyake, akasoma bila kuinua uso. "Deni lililobaki ni milioni tisa, laki moja na elfu themanini na tatu."

"Milioni ngapi?"

"Tisa, mama."

"Hapana, kaka, tazama vizuri. Tumelipa miaka mitano."

Karani akatazama tena. "Ni tisa. Kama una swali, mwone afisa mikopo, ila leo hayupo. Anayefuata!"

Watu nyuma yao walikuwa wameanza kuguna. Mama alimshika mwanawe mkono, wakatoka. Walipofika barabarani alisema kama anayejisemea mwenyewe. "Kwenye milioni kumi zimetoka laki nane tu. Hizo nyingine zimekwenda wapi?" Halafu akamgeukia. "Baba yako asijue kwamba tumekuja huku. Umenisikia?"

Msichana aliitikia kwa kichwa.

Mama mdogo, mdogo wake mama, alikuwa mtu wa utani mwingi na breki kidogo. Aliposikia habari hiyo kesho yake alipiga makofi. "Dada, wewe umelala usingizi wa pono! Mkate kila mwisho wa mwezi, hukujiuliza? Mwanamume haleti mkate hivi hivi. Ule mkate unafunika kitu."

Akacheka. Mama hakucheka.

Siku zilizofuata nyumba ilikuwa ile ile, lakini hewa yake ilibadilika. Baba alitania, mama akajibu kwa neno moja. Cherehani ilikimbizwa kwa hasira hata sindano ikakatika. Jioni moja, msichana akiwa ameinama juu ya vifungo vyake, alimsikia mama akimnong'oneza mdogo wake kule jikoni: "Kama amenidanganya kwa habari ya nyumba, sikai. Namchukua mwanangu, narudi kwa mama."

Kifungo kikamponyoka, kikaviringika mpaka chini ya kochi. Hakukifuata.

Tangu siku hiyo alimkagua baba yake kama alivyokagua ukuta, akitafuta mahali paliporukwa. Alitazama viatu vyake. Vilikuwa vile vile, kimoja kimeshonwa kwa uzi wa mama. Alitazama simu yake. Kioo kilikuwa na ufa ule ule. Kama baba anakula pesa, anazila wapi? Alitamani kumwuliza, na kila akifungua kinywa aliliona jicho la mama.

Siku ya malipo ilipofika, mama alimsindikiza msichana mpaka mlangoni asubuhi. "Ukitoka shule, pitia benki. Usimkaribie baba yako. Tazama tu kama ataingia, na akiingia, kama atalipa."

"Mama, mimi siwezi…"

"Tazama tu."

Siku nzima mwalimu alisema na ubao peke yake. Saa ya kutoka ilipofika, msichana alikwenda benki, akajificha nyuma ya nguzo karibu na mlango. Haikupita muda, baba akaingia. Suruali yake ilikuwa na madoa ya rangi, na kofia ameivua kwa heshima. Alisimama kwenye foleni akisogea hatua kwa hatua. Alipofika dirishani alitoa noti kwenye mfuko wa ndani wa shati, akazihesabu mara mbili, akazipitisha. Akapokea risiti, akaikunja vizuri.

Amelipa! Moyo wa msichana ulimruka kwa furaha, akasahau kujificha. Baba alipogeuka, macho yao yakakutana.

"Mkaguzi! Kuna nini? Mama yako mgonjwa?"

Angeweza kusema amepita tu njia. Maneno hayo yalimjia mpaka kwenye ulimi. Lakini aliutazama ule uso wenye vumbi la rangi, akashindwa. "Mama amenituma nitazame kama unalipa," alisema, na machozi yakamtoka.

Baba aliitia risiti mfukoni. "Kwa hiyo leo umekuja kunikagua mimi."

Hakusema kwa utani. Msichana akamweleza yote, tangu kibanda mpaka mkate, akamtajia na ile milioni tisa.

"Tisa?" Sauti ya baba ilipanda. "Haiwezekani! Mimi sijaruka hata mwezi mmoja! Basi hawa wanatuibia. Kuanzia leo hawapati senti yangu!"

Mlinzi akasogea. Watu wakageuka. Msichana alimshika baba mkono akiogopa watatolewa nje, ndipo mlango wa pembeni ukafunguka, na mwanamke mwenye miwani akatoa kichwa. "Mzee, mimi ndiye afisa mikopo. Njoo ndani tuongee. Njoo na binti."

"Shikamoo," alisema msichana, akijifuta machozi.

"Marahaba. Keti, mwanangu."

Afisa alimsikiliza baba mpaka akamaliza, kisha akafungua taarifa zao kwenye kompyuta. "Malipo yako yote yapo, hakuna mwezi uliouruka. Na hakuna aliyeiba. Ngoja nimwulize binti. Mlikopa milioni kumi, na riba, yaani malipo ya kutumia pesa ya benki, ni asilimia moja ya deni kwa mwezi. Asilimia moja ya milioni kumi ni ngapi?"

"Laki moja."

"Mwezi wa kwanza baba alileta ngapi?"

"Laki moja na elfu kumi."

"Ukitoa riba?"

Msichana alipiga hesabu upya. Jibu lilikuwa dogo mno hata akadhani amekosea. "Elfu kumi. Elfu kumi tu ndiyo imepunguza deni."

Baba alijiegemeza kwenye kiti taratibu. "Kila mwezi?"

"Mwanzoni ni karibu hivyo. Deni likipungua, riba nayo inapungua, na sehemu inayokwenda kwenye deni inakua kidogo kidogo. Lakini mlichagua miaka ishirini. Mkifika mwisho mtakuwa mmelipa kama milioni ishirini na sita na nusu."

"Kwa nyumba ya milioni kumi."

"Kwa nyumba ya milioni kumi. Imeandikwa kwenye mkataba. Siku mliyosaini sikuwa hapa, siwezi kujua mlielezwaje. Lakini watu wengi wakikaa hapo ulipo huuliza swali moja tu: kwa mwezi nitalipa ngapi?"

Baba alizungusha kofia mikononi. "Ndilo nililouliza. Kodi tuliyokuwa tunalipa ilikuwa laki na kitu. Nikaona mambo ni yale yale. Mwenye nyumba hatukuwahi kumwuliza imebaki ngapi, na benki nayo sikuiuliza."

"Mngechukua miaka kumi na mitano, mngelipa laki moja na elfu ishirini kwa mwezi."

"Elfu kumi zaidi? Basi?"

"Basi. Na mngeokoa karibu milioni tano."

Ni msichana aliyeuliza, kwa sauti ndogo: "Sasa haiwezekani tena?"

Afisa alitabasamu. "Inawezekana kupunguza. Mkataba wenu hautozi faini kwa anayelipa zaidi. Mkiongeza hiyo elfu kumi kila mwezi kuanzia sasa, mtamaliza karibu miaka mitatu mapema. Ila mwambieni karani kwamba ziada inakwenda kwenye deni lenyewe, si malipo ya mwezi ujao. Na mzee, usiache kulipa kwa hasira. Ukiacha, atakayeipoteza nyumba ni wewe."

Wakaondoka kurudi nyumbani, baba akiwa mbele. Walipofika kwenye duka la mikate alipunguza mwendo, kisha akapita. "Leo hautashuka kooni," alisema.

Mama mdogo alikuwa amekaa mlangoni. "He! Leo hata mkate hakuna!" akapiga kelele kuelekea ndani. Mama alitoka na futi ya kupimia shingoni. Alimtazama mumewe mikono mitupu, akamtazama mwanawe.

"Amelipa," alisema msichana kabla hajaulizwa. "Nimemwona kwa macho yangu. Hajaruka hata mwezi mmoja."

"Sasa pesa ziko wapi?"

Msichana aliingia ndani, nao wakamfuata, akachukua vifungo alivyokwisha kuchambua, akapanga kumi vyeusi kwenye mstari juu ya meza, na mwisho wake kimoja cheupe. "Kila kimoja ni elfu kumi. Hivi ndivyo baba alivyolipa mwezi wa kwanza. Vyeusi ni riba. Cheupe ndiyo nyumba."

Mama alihesabu kwa kidole, polepole. "Na mwezi wa pili?"

Akapanga mstari wa pili, wa tatu, wa nne. Meza ikaanza kuwa nyeusi. Kabla mwaka mmoja haujatimia vifungo vyeusi vilikwisha, na vyeupe vilikuwa safu nyembamba tu pembeni, kama pindo la gauni.

"Cheupe kinaongezeka kadiri miaka inavyokwenda," msichana alieleza, "lakini polepole sana."

"Kwa hiyo hakuna aliyekula."

"Hakuna, mama."

Mama aliketi. Macho yake yalikwenda kwenye viatu vya mumewe, kwenye ule mshono alioushona mwenyewe. "Baba Mkaguzi," alisema, "nimekuwazia mabaya. Nikamtuma mtoto akupeleleze badala ya kukuuliza. Nisamehe. Na wewe, mwanangu, nisamehe. Nilikutwisha mzigo wa watu wazima."

Baba alivuta kiti. "Iliniuma, sikufichi. Lakini na mimi nina kosa. Miaka mitano nakuletea mkate, sijakuletea hesabu hata siku moja. Tungekaa pamoja tukaulizana, tungegundua zamani."

Mama alinyoosha mkono, akaokota kifungo kimoja cheupe, akakiweka mwisho wa mstari wa kwanza, kando ya mwenzake. "Elfu kumi ni ushonaji wa gauni moja. Kuanzia mwezi ujao, gauni moja ni la nyumba. Kibanda kitasubiri."

"Tusikie na mkaguzi anasemaje," alisema baba.

Msichana aliinama juu ya meza, akaukagua mstari kutoka mwanzo mpaka mwisho. "Hapa hamjaruka," alisema, na kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi baba akacheka.

Kisha akawa makini tena. "Sikiliza, mwanangu, na ukikua ukumbuke. Kitu kinacholipwa kwa miaka mingi usikiulizie bei ya mwezi peke yake. Bei ya mwezi ni ndogo, inakubembeleza. Uliza mpaka mwisho utakuwa umetoa kiasi gani kwa jumla, na ukiongeza kidogo utaokoa nini. Soma, na usipoelewa, uliza tena hata kama foleni inaguna. Na ukimshuku mtu, mwulize mwenyewe kabla hujauliza watu wengine."

Mama mdogo, aliyekuwa kimya kwa muda ambao haujawahi kuonekana, alikohoa. "Hayo yote sawa, shemeji. Lakini chai bila mkate?"

"Kanunue wewe," alisema mama, "si wewe uliyeusingizia?"

Mama mdogo akatoka akinung'unika, wote wakicheka nyuma yake. Msichana alianza kurudisha vifungo ndani ya kopo. Alipofika kwenye vile viwili vyeupe vya mstari wa kwanza alivirudia kuvitazama, kisha akaviacha pale pale mezani.