NANI MWENYE JIKO LA KONA YA MAKAA?

Koleo walinipokonya mkononi, mbavu zikiwa bado motoni!

Saa nne asubuhi, jamani. Mchana kweupe. Wateja wawili wameshakaa, wananawa mikono...

"Mama, weka chini hilo koleo."

Aliyesema hivyo ni Injinia, mtoto wa Mzee Bucha. Huyu nimembeba mgongoni! Nyuma yake amesimama mtu wa mahakama na karatasi yake, na walinzi wawili wenye vifua.

Nikadhani utani.

"Hata hujaniamkia, mwanangu."

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Haya, sema."

"Jiko ni la baba. Tumekuja kulichukua mpaka kesi iamuliwe."

Mafuta yakaanza kudondoka, moto ukapanda. Nikanyoosha mkono nizigeuze zile mbavu, mlinzi akanizuia. Nyie! Miaka thelathini na moja sijaunguza ubavu hata mmoja. Siku hiyo ziliungua zote huku nazitazama.

Sasa ngojeni niwaeleze jinsi lile jiko lilivyopita mikononi mwa watu. Mimi sina haraka, na nyinyi msiwe nayo.

Wa kwanza alikuwa fundi wa gereji. Yeye ndiye aliyelipasua pipa kwa urefu, akalichomelea miguu, akawa anachomea mafundi wenzake nyama ya mchana. Gereji ilipohama, pipa likabaki. Akamwambia jirani yake wa bucha, "Chukua, mzee, mimi siwezi kulibeba."

Jirani huyo ndiye Mzee Bucha. Mmiliki wa pili.

Mimi wakati huo nafagia bucha na kusugua gogo la kukatia. Mzee akaanza kuchoma mbavu zilizokosa mnunuzi, akanifundisha na mimi. Makaa upande mmoja, nyama upande wa pili. Maji ya chumvi unapaka ukishageuza mara ya kwanza, kamwe si kabla.

Na akanifundisha jambo la tatu.

"Mtu akikuuliza mwenye jiko nani, sema mwenyewe hayupo. Wewe mfanyakazi tu."

"Kwa nini, mzee wangu?"

"Mwenyewe akiwepo watu hawali, wanaomba! Huyu apunguziwe, yule aongezewe mfupa, mkaguzi naye anavuta kiti. Mwenyewe asipokuwepo wanakula, wanaondoka."

Na yeye mwenyewe alikuwa akijibu hivyo hivyo, aproni imemkaa tumboni, uso mkavu kama mbao. Nilikuwa nacheka mpaka nashika ukuta.

Halafu kifua kikamgomea. Daktari akampiga marufuku moshi.

Jumatatu moja akaniita mbele ya wachomaji wawili. Akanipa koleo.

"Kuanzia leo jiko ni lako, dada. Mimi nabaki na bucha."

"Na karatasi, mzee?"

"Karatasi ya nini? Hawa si wanaona?"

Kweli waliona. Lakini wote wawili wameshatangulia mbele ya haki.

Basi mimi ndiye wa tatu. Pipa moja nikalifanya matano, nikaezeka bati, nikaweka meza za mbao. Watu wakawa wanatoka uwanja wa ndege na masanduku yao wanakuja moja kwa moja Kona ya Makaa. Leseni niliiacha kwa jina la mzee, maana kubadilisha ilitaka safari tatu na picha. Kila mwaka nasema, mwakani. Mwakani thelathini na moja!

Na lile jibu sikuliacha. Lilikuwa tamu mdomoni, niwaambie ukweli. Kuna mgane mmoja, suruali imenyooka kama rula, alikuja kunichumbia ili ajilie mbavu zangu bure. Nikamwambia mwenyewe hayupo, mimi nimeajiriwa. Aliondoka soda ikiwa nusu!

Nilicheka wiki nzima.

Twende mahakamani sasa.

Shahidi wangu wa kwanza alikuwa dereva teksi, mteja wa miaka ishirini. Mtu anayenipenda.

Hakimu akamuuliza, "Unamfahamu huyu mama?"

"Sana, mheshimiwa. Hakuna anayechoma kama yeye duniani."

"Umewahi kumsikia akisema jiko ni lake?"

Dereva akanitazama. Akaangalia chini.

"Mama, nisamehe... nimekula kiapo."

"Jibu swali."

"Alikuwa anasema mwenyewe hayupo."

 Wakaonyesha na video ya televisheni, iliyopigwa hapo hapo jikoni kwangu. Mtangazaji ananiuliza, "Bibi, wewe ndiye mmiliki?" Na mimi pale, kitambaa kichwani, nacheka: "Wapi! Mimi mfanyakazi tu, mwanangu."

Injinia akasimama. Wala hakuwa na kiburi.

"Mheshimiwa, kila Ijumaa huyu mama alileta maini nyumbani. Hilo lilikuwa fungu la baba, kama mwenye mali."

"Ilikuwa shukrani!" nikapaza sauti. "Alinipa jiko, mimi nimpe nini?"

"Mama, nilikuwa napokea mimi mlangoni, tangu niko mdogo. Ulikuwa unaniambia, 'Mpelekee mzee, mwambie kazi inaendelea vizuri.' Sisi tulielewa nini?"

Nikaketi tena. Maana ndivyo nilivyokuwa nasema, neno kwa neno. Yule kijana alikua akijua kuna mama anawatunzia jiko lao. Hakutunga.

Likabaki tumaini moja. Mzee Bucha mwenyewe, bado hai.

Binti yangu akanishika goti. "Mama, mzee akitamka neno moja tu, tumeshinda."

Wakamleta kwenye kiti cha magurudumu. Alikuwa amekonda, shingo imebaki mishipa mitupu. Kumbukumbu zinakuja na kuondoka, walisema. Lakini aliponiona, uso ukafunguka! Akacheka. Akaninyooshea kidole.

"Dada! Mbavu zimeiva?"

Nikalia. Ananikumbuka! Binti yangu akaniminya mkono mpaka ukaniuma.

Hakimu akainama, akasema polepole, "Mzee wetu, lile jiko la Kona ya Makaa, mwenyewe ni nani?"

Mzee akajinyoosha kwenye kile kiti. Akajipangusa tumboni, mahali aproni ilipokuwa inakaa. Akamtazama hakimu kama alivyokuwa akimtazama mteja mwenye dalili za kuomba mfupa.

"Mwenyewe hayupo, ndugu yangu. Sisi wafanyakazi tu hapa. Leo tukukatie wapi?"

Mahakama nzima ikaangua kicheko.

Hakimu hakucheka. Aliandika.

Nimeliwaza hili usiku na mchana, wanangu, nikitafuta mwongo. Dereva alisema kweli. Injinia alisema alichokijua. Mzee wa watu alijibu alivyozoea kujibu. Aliyedanganya kwenye kesi nzima ni mimi peke yangu, miaka thelathini na moja, nikicheka.

Hukumu ikatoka, jiko ni la mzee. Injinia akanifuata nje kwenye ngazi.

"Mama, sikufukuzi. Utabaki mchomaji mkuu."

Binti yangu akamjibu kabla sijafungua mdomo. Alichomwambia sitakiandika hapa.

Wakili akasema tukate rufaa, tungoje siku ambayo kichwa cha mzee kitatulia, wamuulize tena taratibu. Tukangoja. Nikawa nakwenda kumwona, nakaa naye, namuuliza mimi mwenyewe. Kuna siku ananiita dada. Kuna siku ananiuliza mimi ni mgeni wa nani.

Jumanne iliyopita tumemzika.

Pale msibani mtu wa kipaza sauti alikuwa anapanga watu. "Familia ya marehemu, upande wa kulia. Majirani, kushoto. Wafanyakazi wake wa Kona ya Makaa, hapa katikati, tafadhali."

Nikasimama nimeduwaa. Kulia si kwangu. Kushoto sikumjua hata mmoja.

"Mama, twende zetu," binti yangu akaninong'oneza.

Injinia akaniona. Macho yake yalikuwa mekundu. Akaja na kiti, akakiweka mbele kabisa ya wachomaji, akakipangusa vumbi kwa mkono wake.

"Kaa hapa, mama. Hakuna aliyemfanyia baba kazi kama wewe."

Kwa heshima zote, jamani! Ningemtukana vipi?

Nikakaa.

Wewe unayesoma, una meza yako ya nyanya, una cherehani, una saluni ya kiti kimoja. Wakikuuliza ni ya nani, sema ni yangu. Iseme mbele za watu, iseme leo, na kesho waambie tena. Watakuomba, watakusumbua, watakupotezea wateja.

Wape mfupa. Mimi niliwanyima, nikaondoka mikono mitupu.