Jina la Fidèle Mbele ya Kamera

Saa saba mchana, nyumbani kwa mama yake hapo Kalemie, Bertille alivaa kaski masikioni asikilize aliyorekodi asubuhi. Mara ya kwanza mama anaita "Fidèle!", kimya. Mara ya pili, maji yanachuruzika. Mara ya tatu, sauti ya kijana, chini chini: "Niko nakuja, mama."

Akavua kaski. Barazani, walikorekodia, hapakuwa na mtu.

Na alijitakia mwenyewe! Kaka yake Fidèle alizama ziwani miaka ishirini iliyopita, akitoka Zongwe, na mwili haukuonekana. Wazee wakazika mgomba mahali pake. Aliyezikwa hivyo haitwi tena kwa jina, kwa sababu hana kaburi la kumshika. Akiitwa, atadhani anaitwa nyumbani. Bertille aliyajua yote hayo. Lakini alikuwa anatengeneza filamu ya ukoo wao, akataka mama alitamke jina mbele ya kamera, na pikipiki zilipoharibu sauti akamrudisha aanze upya. Mara tatu, jamani!

Kesho yake sebule ilinuka tope la ziwa. Mama Marthe akaomba kaski, akasikiliza, akalia kwa furaha, na tangu hapo hakula wala hakuivua.

Siku ya nne Bertille akamwita Papa Éliézer, mganga. Mzee alitazama sakafu ya saruji, pale alama za miguu yenye maji zilipokomea mlangoni, akashusha sauti.

"Futa ile sauti, binti. Na wewe Mama Marthe, umuambie kwa kinywa yako arudi. Akiingia humu, hatatoka peke yake."

Bertille akafuta. Mama akageuka kuutazama mlango.

"Mama, muambie aende. Nakuomba. Kosa ni yangu, si yako."

"Nilizika mugomba, Bertille. Nililia mugomba. Leo mutoto yangu amefika mulangoni, munataka nimufukuze?"

"Mama, mimi pia ni mutoto yako!"

Mama akamshika shavu kwa huruma. Nje jua lilikuwa linawaka, majirani wanatwanga sombe ya majani ya muhogo, na katikati ya kelele hizo za kila siku Bertille akasikia maji yanadondoka kizingitini, tone moja, kisha lingine, kisha mengi kwa pamoja, na harufu ya tope ikapanda, na Papa Éliézer, mtu mzima yule, akarudi nyuma mpaka mgongo wake ukagonga ukuta.

"Ingia, Fidèle," mama akasema. "Umechoka kusimama."

Nyayo zikavuka sebule, majimaji, polepole, zikasimama kando ya mkeka aliokalia mama. Mama akasogea kumpisha. Alikuwa anatabasamu.

"Bertille," akasema, "niletee kitenge yangu ya safari."

Bertille akaanguka magotini, akamkumbatia miguu. Miguu ya mama ilikuwa imeshalowa.