Bata Bukini wa Plasta

Bata bukini wa plasta, wa kuigizia tu, alianza kunukia asubuhi, kama aliyetoka jikoni sasa hivi. Watu wa studio moja ya sinema ya Berlin walinusa, wakacheka. Njaa hiyo, walisema. Vita vimekwisha, huu mwaka wa tatu, na bado wanaota nyama.

Ottilie Krahn hakucheka. Alikuwa nyota wao, au ndivyo alivyojiita; mwanamke wa kujipaka wanja kama anayepaka ukuta, na kumbeua kila aliyemfungulia mlango. Hata mumewe, Emil, alimtia haya. Gesi ya vitani ilimpofusha, akawa anamjua mkewe kwa sauti tu.

Siku hiyo Ottilie angeigiza mke anayeshawishiwa na shetani mezani. Shetani alikwisha kuketi, mrefu, uso mweupe pe. Mwongozaji, Bwana Voss, alidhani kaletwa na meneja. Meneja alidhani kaletwa na Voss. Wakubwa hao! Kuuliza kungewavunjia heshima.

"Niseme nini?" Ottilie aliuliza.

"Lolote, bibie," Voss akajibu. "Picha haina sauti, nani atakusikia? Wewe chezesha midomo, ule."

Kamera ikaanza. Shetani akamkatia paja la bata, nalo likafuka mvuke.

"Utanilipa nini?" akanong'ona.

Ottilie akarembua macho. "Chukua sauti yangu, zimwi we. Hapa haina kazi."

Akala. Akala nyama, akala ngozi, akatafuna hadi mifupa, mafuta yakimchuruzika kidevuni, huku mpiga picha akizungusha mkono wa kamera na wengine wakimeza mate, wala hakuna aliyeona kwamba kiti cha shetani kilikuwa kitupu, na Ottilie alipotaka kusema basi, inatosha, koo likatoa pumzi tu.

"Safi sana!" Voss akapiga kelele. "Hofu hiyohiyo!"

Wapumbavu wale wakampigia makofi. Alipomshika Voss shati na kumwonyesha koo lake, wakazidisha.

Akakimbia mpaka nyumbani na rangi zake usoni. Mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani. Akagonga kwa ngumi, akaukwaruza.

"Nani?" Emil akauliza kwa woga.

Ottilie akaachama. Kimya.

Ndani, karibu kabisa na Emil, sauti ya Ottilie ikacheka taratibu.

"Usifungue, mpenzi. Mwendawazimu tu wa mtaani. Njoo ule, kuna bata."

"Nakuja, Ottilie wangu," Emil akajibu, na fimbo yake ikasikika ikiondoka mlangoni.