Neno la Wawili

Siku ya kwanza Hiranmoy alimwagia Torsha chai. Foleni ya tamasha la filamu pale Kolkata ilikuwa ikisukumana, kikombe cha udongo kikamponyoka, na sari ya pamba ya manjano ikaloa mpaka kwenye pindo.

"Macho umeyaacha nyumbani?" Torsha aliuliza.

"Ninayo. Ndiyo yaliyoniponza."

Torsha akacheka bila kupenda. Penzi likaanzia hapo, likanoga kwa simu za mchana kutwa.

Mama yake Torsha hakuwahi kutamka jina la mumewe, maana kwa mila yao mke hamtaji mume. Alimwita "Unasikia?" tu, tangu siku ya harusi. Torsha aliicheka sana desturi hiyo. Lakini jioni moja, kichwa chake kikiwa kifuani pa Hiranmoy, akanong'ona, "Unasikia?"

"He! Nani kakuoza?"

"Nyamaza wewe. Hilo ni letu wawili, lisitoke nje."

Hiranmoy akaapa. Kisha akapata kuongoza filamu yake ya kwanza, ya vijisenti vya kuungaunga, na tukio la kitandani likamshinda: waigizaji wamelala kama magogo. Akamnong'oneza mwigizaji wa kike neno moja. Pale pale tukio likapata uhai. Alijua ameiba, ila alijidanganya kwamba anamuenzi mpenzi wake.

Siku ya kuionyesha, Torsha alimleta mama yake, kwa kuwa baada ya filamu Hiranmoy angeleta posa. Mwanamke wa kwenye skrini, mabega wazi, akasema, "Unasikia?" Kijana mmoja nyuma akaigiza sauti ile, ukumbi ukaangua kicheko. Mama akajifunika uso kwa pindo la sari.

Hiranmoy aliwakimbilia mpaka nje. "Torsha, mpenzi, nitalikata!"

"Utalikata masikioni mwa mama? Leo akimpelekea baba chai, amwiteje?"

Maji yakimwagika hayazoleki, na Hiranmoy siku zote alikuwa mwepesi wa kumwaga. Filamu ikasifiwa. Kila iliposifiwa aliona aibu, akapiga simu isiyopokelewa, mpaka mchana mmoja wa mvua ikapokelewa.

"Torsha? Nisamehe. Unanisikia?"

Alisubiri neno lile.

"Nimeshakusamehe," Torsha alijibu kwa upole. "Kwaheri, Hiranmoy."

Alikuwa amemtaja jina.