Mshono wa Gauni la Opera

Jioni ile, saa moja kabla ya onyesho, fundi cherehani aliitwa ukumbini kushonea nyaya kwenye gauni la mdogo wake. Kazi ndogo tu. Nusu saa, arudi zake akapike.

Mdogo wake alikuwa mwimbaji wa opera, na opera yenyewe, we acha tu! Inaimbwa mwanzo mpaka mwisho, na mwishoni binti anaungana na mashine wanakuwa kitu kimoja. Mtunzi, mzee mpole anayenuka grisi, ndiye aliyeiunda mashine hiyo. Ilisimama jukwaani, ndefu kama kabati, ikihema.

"Nyaya zikaze barabara," mzee alimnong'oneza fundi. "Zisilegee."

Mdogo wake alisimama mbele ya kioo, kimya. Fundi hakushangaa. Siku ya onyesho waimbaji hawasemi hata neno, wanatunza sauti. Miaka sita amemvisha hivyo, wakiongea kwa macho. Leo alikuwa na haraka, hakumtazama.

"Simama wima, bibi harusi. Leo unaolewa na kabati!"

Akatunga uzi. Akachoma.

"Dada... taratibu."

Sauti ya mdogo wake, ikitokea kwenye spika ya ukutani, ile inayoleta sauti za jukwaani. Fundi akatabasamu. Wiki nzima mashine ilikuwa inafundishwa sauti hiyo.

Akaendelea. Kitambaa kilikuwa kigumu leo. Tena cha moto.

"Unanichoma, dada. Nakuomba..."

"Mzee huyu kwa vituko!" Akacheka, akauvuta uzi, akaukaza.

Spika ikalia. Ikalia mpaka ikamkera, akainuka akaizima.

Kimya.

Akainua pindo akague mshono kwa ndani.

Hakukuwa na ndani.

Uzi ulikuwa umepita kitambaa, ukapita ngozi, ukavifanya kitu kimoja. Damu hakuna. Grisi tu, nyeusi, ikichuruzika mapajani. Fundi akakitazama kioo. Mdomo wa mdogo wake umefungwa, macho yamevimba kwa kulia.

Mtunzi alikuwa mlangoni. "Ukifumua, anakufa. Ilitakiwa mkono wa ndugu, mama. Wangu mashine iliukataa."

Usiku ule watu walipiga makofi mpaka viganja vikawauma. Opera bado inazunguka miji. Fundi ameacha kushona, ameuza redio, ametupa simu. Haisaidii kitu. Akipita dukani, spika ya mlangoni inakatisha muziki, inamnong'oneza:

"Dada... mbona ulinizima?"