Masikio ya Mbuzi wa Baba

"Simama wima, Abiba. Ama huu mkono utatoka kama suruali ya mlevi," Ekiru alisema, pini tatu mdomoni.

Abiba alicheka. Gauni la harusi lilikuwa limebaki mkono mmoja tu, wa kushoto, na harusi ilikuwa imebaki siku kumi na mbili. Simu yake ikalia. Ujumbe wa Warfa, mchumba wake.

"Toka hapo shuleni saa hii. Kuja hoteli ya soko ya mbuzi nikuone. Usiulize."

"Bwana anaita," Ekiru akamtania. "Enda, lakini gauni acha. Jioni nitakuwa nimemaliza."

Shule yenyewe ilikuwa vyumba viwili vya mabati pale mtaani Chechelesi. Mwenyewe alikuwa Mwalimu Lin, mama Mchina aliyekuja Isiolo kumhubiri Yesu, akaishia kufundisha watu kushona na kutia vitambaa rangi. Jumapili aliimba na waumini wake tisa. Siku nyingine, adhana ikilia, alizimisha cherehani zote ili Abiba na wasichana wenzake Waislamu waswali. Ekiru, Mturkana wa Burat, ndiye wa kwanza kubatizwa naye, na kwa sindano hakuwa na mpinzani mji mzima.

Abiba alikuwa msaidizi wa Mwalimu Lin. Baada ya harusi angekwenda China miezi sita kusomea ubunifu wa mavazi, nafasi aliyotafutiwa na mwalimu huyo. Warfa alikuwa amesema, "Enda tu, nitakungoja." Alisema hivyo kwa mdomo.

Hotelini Warfa alimwagizia chai ya maziwa ya ngamia na mahamri manne. Alikuwa kijana wa mjini kabisa. Babu yake alikuja Isiolo akiwa askari wa Mwingereza, na ukoo ukageuka wa malori. Lori lake lilibeba mbuzi kutoka Merti hadi sokoni.

"Ulikuwa unataka nione nini?" Abiba akauliza.

"Mimi. Kwani sitoshi?"

"Warfa, nimeacha kazi!"

"Kunywa chai kwanza. Nimekumiss."

Alikuwa anatokwa na jasho, na hoteli ilikuwa na feni. Abiba hakulitia maanani. Mapenzi yana uvivu wake.

Mara simu za hoteli nzima zikaanza kulia, moja baada ya nyingine. Picha, iliyokuwa imeanza kuzunguka Chechelesi, ilikuwa ni ile ile: mbuzi watatu wamekufa kando ya mtaro wa nyuma ya shule, mtaro wenye maji mekundu ya rangi ya vitambaa. Chini yake maneno:

"MCHINA ANATIA SUMU MAJI! Hizi ni mbuzi za mama maskini wa hapa Chechelesi. Leo mbuzi, kesho watoto. Wenye damu tokeni!"

Mvua zilikuwa zimekataa misimu miwili. Watu walikuwa wameshazika mifugo mpaka wamechoka kuzika. Mwaka kama huo mtu haulizi mara mbili.

"Si sumu! Ni rangi tu!" Abiba aliinuka.

Warfa akamshika mkono. "Usiende. Nakuomba. Kaa na mimi."

Nje moshi mweusi ulikuwa tayari umeinuka upande wa Chechelesi. Abiba alijinasua akakimbia, viatu akaviacha huko huko.

* * *

Shule ilikuwa imebaki mabati yaliyojikunja. Jirani, mbele ya mlango wa mama Khadijo, watu walikuwa bado wamejaa. Khadijo alikuwa mama mzazi wa Warfa, mjane, mfupi, na siku hiyo alikuwa ameshika mchi.

"Mnamtaka Mchina? Mpite juu yangu!" alikuwa akipiga kelele. "Huyu ni jirani yangu miaka kumi na moja. Nikiwa mgonjwa amenipikia uji. Nani kati yenu amenipikia uji?"

Wakaanza kurudi nyuma, mmoja mmoja. Ndani, Mwalimu Lin alikuwa amekaa sakafuni. Katika shule nzima aliokoa kitu kimoja tu, alikuwa amekikumbatia kifuani: gauni la Abiba, mkono mmoja.

Warfa naye akafika, anahema.

Khadijo aliinua mkono mbele ya mwanawe na majirani. "Wallahi, aliyeleta huu uwongo nikimjua, nitampeleka polisi mimi mwenyewe. Hata akiwa nani. Semeni amina."

"Amina," wakasema wote.

"Amina," Warfa akasema.

* * *

Ekiru walimkuta hospitalini, mkono wa kulia umefungwa bandeji hadi kiwikoni.

"Wamekufanya nini?" Abiba akauliza.

"Walinishika mlangoni. Wakatoa ule msalaba wa ukutani wakaweka chini. Wakasema, 'Kanyaga huu, umtukane huyo mama, uende zako. Wewe si mgeni.' Nikasema sikanyagi. Wakaweka mkono juu ya meza ya kukatia. Panga."

"Vidole?"

"Vimebaki vitatu." Alijaribu kutabasamu. "Mkono wa kushoto wa gauni sikumaliza. Pole."

Abiba alilia mpaka muuguzi akaja. Mwalimu Lin hakulia. Alikaa ukingoni mwa kitanda akaanza kusema kwa Kiswahili chake cha polepole.

"Hii nimesikia tangu mtoto. Kwetu Shanxi, mwaka elfu moja mia tisa. Mvua hakuna. Watu wakasema wageni wametia sumu visima. Watu wa Ngumi, kundi la kufukuza wageni, wakakuja na panga. Wageni waliitwa 'wenye manyoya'. Wachina waliobatizwa, kama watu wangu, waliitwa 'wenye manyoya wa pili'. Waliambiwa: kataa Yesu, utaishi. Mama ya bibi ya baba yangu alifichwa na jirani ndani ya mtungi wa nafaka. Mume wake hakufichwa."

"Nani alileta wale watu nyumbani kwao?" Abiba akauliza.

"Jirani mwingine. Baadaye askari wa wageni wakakuja kulipiza. Wakamwambia, 'Mama, tuonyeshe huyo jirani kwa kidole tu.' Akakataa. Alisamehe."

"Na huyo jirani?"

Mwalimu Lin alinyoosha shuka la Ekiru. "Alizeeka. Kila asubuhi walikutana kisimani."

"Mimi sitakutana na wangu kisimani," Abiba akasema.

Akafungua simu, akaitazama ile picha vizuri kwa mara ya kwanza. Mara ile ya kwanza alikuwa ameona mtaro. Safari hii aliona mbuzi, na macho yake, macho ya msichana aliyechunga mbuzi kwao Korbesa hadi miaka kumi na tano, yakaenda moja kwa moja pale macho ya mchungaji yanapoenda. Masikioni.

La kushoto limepasuliwa nchani. La kulia limekatwa pembeni mara mbili. Wote watatu.

Kila ukoo kule una mkato wake, na mkato huu aliujua kuliko jina lake. Yeye mwenyewe ndiye aliyekuwa akivishika vitoto vya mbuzi huku baba akikata.

Alitoka nje akampigia baba yake simu Korbesa.

"Salaam aleikum, abbo."

"Aleikum salaam, intala tiya, binti yangu. Huko mnasumbuliwa, nimesikia."

"Abbo, kuna mbuzi umeuzia mtu wa Chechelesi?"

"Mimi? Mwaka huu sijauza hata mkia. Ni zile tatu tu za karamu yako nilitoa. Nilipatia Warfa kwa lori wiki hii. Hajakupatia?"

Abiba aliketi chini, palepale kwenye changarawe.

"Atanipa, abbo. Usimwambie nimeuliza."

Simu ya pili ilikwenda kwa Salad, dereva wa lori la Warfa.

"Salad, mbuzi tatu za baba yangu ziko wapi?"

"Abiba, usiniletee shida na mdosi."

"Mkono wa Ekiru umekatwa, Salad. Uliona?"

Salad alizima injini ya lori.

"Zilikufa kwa gari. Zilikanyagwa na zingine, joto ilikuwa mbaya. Nikataka kutupa, Warfa akasema hapana, leta mjini. Tukashusha kwa huo mtaro yako asubuhi mapema. Akaniambia nilaze ile upande ya rangi chini. Wallahi sikujua ni ya nini."

Hapo ndipo akili ya mjini ilipoishia. Watu wa malori huwatambua mbuzi kwa mstari wa rangi wanaopakwa ubavuni wakipakiwa, ili mali ya huyu isichanganyike na ya yule. Warfa alificha rangi. Masikio hakuyawaza hata kidogo, kwani maishani mwake hajawahi kumtafuta mbuzi aliyepotea.

Kikulacho ki nguoni mwako. Abiba alikuwa amekikumbatia miaka miwili.

Ujumbe ukaingia: "Mpenzi umekula? Pole kwa yote. Mungu atawalipa hao watu."

Akajibu: "Amina. Harusi iko palepale."

* * *

Siku kumi na moja hakusema neno, ila kwa Mwalimu Lin. Alijipaka hina. Alichagua biriani. Warfa akipiga simu, aliitikia kwa sauti ya asali, akikata anakwenda kunawa mdomo. Usiniulize kama alikuwa bado anampenda. Alikuwa anampenda, na hilo ndilo lililomtia hasira zaidi.

Polisi hawakuwa wamemshika mtu, maana kila aliyeulizwa alisema alikuwa nyuma ya wengine.

"Peleka polisi kimya kimya," Mwalimu Lin alimsihi, baada ya kuambiwa. "Ama samehe. Usifanye mbele ya watu."

"Sisi tulichomewa mbele ya watu, Mwalimu."

"Hasira itakula wewe."

"Ikimaliza kumla yeye, sawa."

Ijumaa, baada ya swala, wanaume walijaa hemani nje ya nyumba ya shangazi yake Abiba. Wazee saba walikuwa wameteremka kutoka Korbesa. Chumbani Abiba alikaa katikati ya wanawake, Khadijo kulia kwake, Mwalimu Lin kushoto kwake, naye bibi harusi amevaa lile gauni lenye mkono mmoja. Wanawake walinong'ona. Shangazi alijaribu kumfunika kwa shali, Abiba akaitoa.

Sheikh alimtuma baba yake Abiba, mzee Tadicha, pamoja na mashahidi wawili kumuuliza bibi harusi. Desturi inajulikana. Msichana akinyamaza, haya imemshika, amekubali.

"Intala tiya," Tadicha akasema mlangoni, "Warfa anakuoa. Umekubali?"

Abiba akampa simu. "Abbo, kabla sijajibu. Soma hizo masikio."

Mzee aliisogeza simu karibu na macho. Uso ukambadilika.

"Hii ni mbuzi yangu." Akarudia, "Hii ni mbuzi yangu tatu! Inafanya nini kwa maji ya Mchina?"

"Muulize aliyebeba. Lakini muulize kwa upole. Mpatie nafasi aseme ukweli."

Khadijo aligeuka. "Mbuzi gani, Abiba?"

"Sikiliza kwa spika, mama."

Kipaza sauti cha sheikh kilikuwa wazi, na chumba kizima kilisikia.

"Warfa, kijana yangu," ilikuja sauti ya Tadicha. "Kabla ya nikahi. Mbuzi yangu tatu nilikupatia, ilifika wapi?"

Warfa akacheka. "Baba, hizo ziko kwa sufuria hapo nyuma! Leo ndio tunakula."

Wanaume wakacheka pamoja naye.

"Apa," Tadicha akasema.

"Wallahi billahi, baba. Nimechinja mwenyewe."

Njia ya mwongo ni fupi, na ya Warfa ilikuwa imefika mwisho. Tadicha akampa simu mzee wa kwanza wa Korbesa bila kumwambia lolote.

"Mbuzi ya Tadicha," mzee akasema.

Wa pili akaitazama. "Ya Tadicha."

Wa tatu, wa nne, mpaka wa saba. "Ya Tadicha." Hema lote likawa kimya, kwa sababu kila mtu Isiolo aliijua ile picha, na kila mtu sasa alijua ni mbuzi wa nani.

Salad, dereva, akasimama bila kuitwa. "Zilikufa kwa gari yetu. Yeye ndiye aliniambia nishushe hapo. Nimechoka kubeba hii kitu."

Warfa aliwasukuma watu hadi mlango wa chumba cha wanawake. "Abiba! Ni juu yako! Ungeenda China usirudi. Wangekubatiza huko, unisahau. Nilitaka tu shule ifungwe! Sikujua watachoma!"

"Hukujua?" Abiba akasimama. "Basi mbona ulinitoa?"

Warfa alirudi nyuma hatua moja.

"Ulinitumia 'toka hapo' kabla picha haijafika kwa mtu yeyote. Ukaninunulia mahamri. Mimi natafuna, Ekiru anakatwa vidole. Huo ndio upendo wako?"

"Nisamehe. Mama, mwambie anisamehe."

Khadijo aliinuka taratibu. Machozi yalikuwa yanamtiririka na hakuyafuta.

"Nilimficha jirani yangu chini ya kitanda changu," akasema, "kumbe nyoka nimemzaa mimi. Uliitikia amina, Warfa. Nilikusikia."

"Hooyo, mimi ni mtoto wako!"

"Nilisema hata akiwa nani."

Akamshika kanzu kifuani kwa mkono ule ule uliokuwa umeshika mchi. Kituo cha polisi hakikuwa mbali, na waliutembea mwendo huo kwa miguu, mama mbele, bwana harusi nyuma. Salad alifuata, na wazee saba wakafuata. Watu walitoka madukani kutazama, wakiwemo wengi waliokuwa wametoka siku ile ya moto. Hao waliangalia chini.

Sheikh, hajui afanye nini, aliuliza kutoka nje, "Jamani, bibi harusi alijibu nini?"

Abiba akapaza sauti mpaka hemani.

"Sikubali! Sikubali! Sikubali!"

* * *

Wiki iliyofuata, chini ya turubai lililofungwa juu ya majivu, cherehani mbili za kuazimwa zilikuwa zinalia. Ekiru alikuwa anajifundisha kukata kwa mkono wa kushoto. Vipande vyake vilikuwa vimepinda, na alikuwa anavitukana kwa Kiturkana.

Simu ya Abiba ikalia. Ujumbe wa wakili wa Warfa. "Mteja wangu anaomba uondoe kesi. Anasema bado anakupenda. Familia iko tayari kuongea."

Abiba alimsomea Mwalimu Lin ujumbe huo kwa sauti. Mwalimu Lin aliacha kukunja kitambaa.

"Mama ya bibi ya baba yangu," akasema, "hakuwahi kupenda yule jirani. Kwako ni ngumu zaidi."

"Nilie?"

"Lia kidogo. Halafu fanya kazi."

Abiba alilia kidogo. Kisha akafuta ujumbe, akatoa gauni kwenye mfuko wa plastiki, akaliweka juu ya meza mbele ya Ekiru.

"Hii sasa tufanyie nini?" Ekiru akauliza. "Tukate mapazia?"

"Malizia mkono. Mimi nitakushikia kitambaa, wewe kata."

"Na harusi hakuna?"

"Kesi ni tarehe nane," Abiba akasema, akinyoosha kitambaa. "Nitalivaa siku ya kutoa ushahidi."