Neno Lililopungua

Josiah Nyasani, shemeji ya mama yangu, alikuwa karani wa telegramu katika posta moja ndogo upande wa Manga. Aliamini vitu viwili: kurudi kwa Bwana, na hesabu ya maneno. Cha kwanza Waadventista wenzake walikijua. Cha pili hakikumsumbua mtu mpaka mwaka wa 1967.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Karani wa Nakuru kabla ya kugonga telegramu alitanguliza idadi ya maneno yake. Josiah, sikio kwenye mashine, aliandika, kisha akahesabu. Idadi zikilingana, aligonga jibu: nimepokea, hesabu sawa. Zisipolingana, aliacha nafasi tupu penye shaka, akaomba irudiwe, na mpaka hapo karatasi haikutoka mezani hata kama mwenyewe yuko mlangoni analia. Mkoloni alikuwa ameondoka na bendera yake. Kanuni hiyo aliisahau ukutani.

Binti yake wa pekee, Kemuma, alikulia chini ya meza hiyo. Alijifunza herufi kwa penseli ya posta, ile ambayo ukiilowesha huandika zambarau, naye aliilowesha kwa ulimi. Akirudi nyumbani midomo imebadilika rangi, mama yake, Drusilla, alimuuliza, "Leo tena umekula serikali?" Sasa alikuwa msichana mkubwa, anasomea uuguzi huko Nakuru.

Ijumaa moja alasiri, mvua ya mawe ikianza kupiga mabati, mashine iliita. Maneno sita, ilisema. Josiah akaandika: KEMUMA MGONJWA SANA ANAITA, hapo radi ikapasuka, NJOO. Akahesabu. Matano.

Mtu mwingine angeacha mlango wazi akakimbilia basi. Josiah aliacha nafasi tupu kati ya ANAITA na NJOO, akaomba irudiwe. Waya ulikuwa umekufa. Sabato ilipoingia alikwenda kanisani akaombea wagonjwa wote kwa jumla. Drusilla hakuambiwa kitu. Habari ilikuwa haijathibitishwa.

Waya ulifufuka Jumatatu. Telegramu ya kwanza kupita ilikuwa ya maneno matatu tu, na hesabu yake ilikuwa sawa kabisa.

Walimzika Kemuma nyumbani, kando ya migomba. Josiah akarudi kazini.

Siku hizo Bwana Onsongo, mnunuzi wa maua ya pareto, alifika kuulizia telegramu yake. Hakusubiri kupewa, aliinama dirishani akaisoma juu chini.

"Leta magunia ishirini tata," alisoma. Tata ni baba, kwa Ekegusii. "Kumbe Nakuru siku hizi wananiita baba? Basi waongeze bei, tuone kama ni heshima ya kweli."

Josiah hakucheka. Nakuru ilikuwa imetaja maneno matatu. Yalikuja manne. Na karani wa Nakuru alikuwa mtu wa pwani asiyejua Ekegusii hata cha kuombea maji. Alipoulizwa, alikana. Hakutuma neno kama hilo.

Likaja tena. Kwenye telegramu ya chifu. Kwenye ya duka la Mhindi. Neno la mwisho likiisha, mashine ilinyamaza kidogo. Kisha ikagonga. Polepole, kama mtoto aliyeshikwa mkono kuandika.

Tata.

Mkaguzi aliletwa kutoka Kisumu, na kofia yake. Alisikiliza. Alisikia. Jasho likamtoka, akaandika kwamba waya una unyevu, na akapendekeza kwamba wakati uchunguzi ukiendelea, neno la ziada litozwe kwa mpokeaji.

Josiah akaanza kuwahi kazini na kuchelewa kutoka. Chakula chake kilipoa kwenye sufuria. Ndipo alasiri moja, mvua ikinyesha, Drusilla alipomfuata huko posta. Hakuna telegramu iliyokuwa ikiingia. Mashine iligonga yenyewe.

"Ni nani huyo?" alinong'ona.

Josiah alifungua droo, akampa karatasi yenye nafasi tupu. Drusilla aliisoma taratibu, kidole kikifuata herufi.

"Hii ilikuja Ijumaa."

"Hesabu haikukubali, Mama Kemuma."

Drusilla alikaa chini sakafuni, ubavuni mwa meza, pale mtoto alipozoea kukaa. Juu ya kichwa chake mashine ikagonga tena.

"Ulimjibu?"

"Bado."

"Mpaka leo?"

"Nikimjibu ataacha. Sitamsikia tena."

"Baba Kemuma, mtoto anarudia kwa sababu hajui kama ulisikia. Umemsimamisha kwenye waya, na mvua hii. Mjibu aende alale."

Josiah alilowesha penseli. Akaandika TATA kwenye ile nafasi. Akahesabu, kidole juu ya kila neno. Sita. Akashika kitufe cha mashine. Akakiachia. Akakishika tena.

Nimepokea, aligonga. Hesabu sawa.

Mashine ilinyamaza. Walingoja mpaka mvua ikakatika. Haikugonga.

Walirudi nyumbani. Mlango walikuwa wameufunga na ufunguo uko kwa Drusilla. Ndani, kikombe cha bati cha Kemuma, ambacho hakuna aliyekigusa tangu mazishi, hakikuwa kwenye msumari wake. Kilikuwa mezani. Maji yamenywewa nusu. Ukingoni palikuwa na alama ya midomo midogo, kama ya mtoto, ya rangi ya zambarau.

Penseli ilikuwa mfukoni mwa Josiah.

Drusilla hakukiosha kikombe hicho. Mama yangu alikiona mwaka wa 1975, juu ya kabati, buibui wamekifumia utando kwa nje. Maji yalikuwa yamekauka kitambo. Aligusa ile alama ukingoni kwa kidole chake, na kidole kikarudi kimelowa, zambarau.